Ukiletewa ofa ya kununua hisa zako za kampuni ya Marekani: kanuni zinazokulinda na hatua za kufuata

Ujumbe kutoka kwa dalali wako wa hisa unakuambia kwamba kuna mtu anataka kununua hisa ulizonazo katika kampuni fulani ya Marekani. Bei inaizidi ya sokoni, na mwisho wa kukubali ni tarehe fulani, saa sita usiku kwa saa za New York. Wapo wanaobonyeza "kubali" siku hiyohiyo, na wapo wanaoupuuza ujumbe wakidhani ni tangazo la biashara. Wote wawili hawajatumia kitu ambacho sheria iliwatengea makusudi, nacho ni muda.

Zamani muda huo haukuwapo. Hadi miaka ya 1960, aliyetaka kuiteka kampuni aliweza kutangaza ofa ya fedha taslimu ya siku chache tu, bila kujieleza yeye ni nani wala pesa anazitoa wapi. Aliyewahi alinunuliwa, aliyechelewa alikosa, kwa hiyo wanahisa wadogo waliuza mbiombio kabla hata hawajajua wanamuuzia nani. Mwaka 1968 Bunge la Marekani likapitisha Sheria ya Williams, iliyopewa jina la seneta Harrison Williams wa New Jersey, na vifungu vyake vikaingizwa katika sheria ya masoko ya dhamana ya mwaka 1934. Msimamizi wake ni Tume ya Dhamana na Masoko ya Hisa, ambayo kila mtu anaiita SEC.

Shika jambo moja kabla ya kuendelea: sheria hii haipangi bei. Mnunuzi akitaka kutoa ofa ya bei ya chini, ruksa, ilimradi aseme ukweli wote unaohitajika. Kazi ya kuipima bei ni yako.

Hatua ya 1: Tambua ni ofa ya aina gani

Kinachokulinda kinategemea nani ananunua, ananunua nini, na ananunua kiasi gani.

Ofa yenye ulinzi kamili ni ile ya mtu wa nje anayetaka hisa zilizosajiliwa SEC, ambaye akifanikiwa atakuwa anamiliki zaidi ya asilimia 5 ya aina hiyo ya hisa. Kizingiti hicho kilianzia asilimia 10, kikashushwa mwaka 1970. Ofa hiyo inabanwa na mafungu mawili ya kanuni: Regulation 14D na Regulation 14E. Kampuni ikitaka kununua hisa zake yenyewe kutoka kwa wanahisa wake, inafuata Kanuni 13e-4, ambayo ulinzi wake unakaribia kuwa uleule.

Mwenye hati fungani (bondi) ana ulinzi mdogo zaidi, kwa sababu ofa ya kununua deni inaguswa na Regulation 14E peke yake. Tena, tangu Januari 2015, maofisa wa SEC wamekubali baadhi ya ofa za hati fungani zisizogeuzwa kuwa hisa zifungwe baada ya siku 5 za kazi tu badala ya 20, zikitimiza masharti fulani. Mwenye hati fungani asijidanganye kwamba ana wiki nne.

Halafu kuna ofa ndogo, na hapa ndipo watu wanapoumia. Mnunuzi anaomba hisa chini ya kile kizingiti cha asilimia 5 ili asiguswe na Regulation 14D. Hawajibiki kuwasilisha waraka wowote SEC, halazimiki kukuruhusu ubadili mawazo, na wala halazimiki kuwagawia sawa waliokubali. Kinachobaki ni Regulation 14E, yaani marufuku ya udanganyifu, muda wa chini wa siku 20 za kazi, na wajibu wa kulipa bila kuchelewa. SEC imewaonya wawekezaji kuhusu ofa hizi kwa miaka mingi, na sababu inaeleweka: nyingi huja na bei iliyo *chini* ya ya soko. Ndiyo, chini. Mnunuzi anategemea kwamba ukiona maneno "ofa ya kununua" utadhani moja kwa moja kwamba kuna nyongeza. Kabla ya jambo lolote lingine, fungua bei ya leo ya hisa yako uilinganishe na ya kwenye barua. Ikiwa ya soko iko juu, mwongozo wako umeishia hapa.

La kushangaza ni kwamba sheria yenyewe haielezi "ofa" ni kitu gani hasa. Mahakama ndizo zilizojaza pengo hilo. Katika kesi ya Wellman dhidi ya Dickinson ya mwaka 1979, mahakama ya New York iliangalia mambo manane, yakiwemo haya: je, wanahisa wengi walishawishiwa waziwazi, je, bei ilizidi ya soko, je, masharti yalikuwa ya kukubali au kukataa bila kujadiliana, je, walipewa muda mfupi wakashinikizwa? Kwa hiyo mnunuzi anayewapigia simu wanahisa wakubwa usiku mmoja na kuwataka wajibu ndani ya saa chache anaweza kukutwa na kosa la kutoa ofa bila kufuata kanuni, hata kama neno ofa hakulitamka.

Hatua ya 2: Tafuta nyaraka mwenyewe

Usitegemee muhtasari wa dalali. Nenda kwenye EDGAR, hifadhi ya nyaraka ya SEC iliyo wazi bure kwenye intaneti, uandike jina la kampuni inayotakiwa kununuliwa. Unatafuta vitu viwili. Cha kwanza ni Schedule TO, ambao mnunuzi anapaswa kuuwasilisha siku ofa inapoanza. Cha pili ni Schedule 14D-9, ambao ni majibu ya kampuni yako.

Ndani ya Schedule TO kuna kiambatisho kirefu chenye maelezo yote ya ofa. Kisikutishe. Kurasa zake za mwanzo ni muhtasari wa maswali na majibu ambao SEC inataka uandikwe kwa lugha nyepesi: nani ananunua, anataka hisa ngapi, kwa bei gani, pesa anazo au anakopa, mwisho ni lini, unajitoaje. Soma huo kwanza, kisha ruka hadi sehemu ya masharti ya ofa, ambayo aghalabu iko karibu na mwisho. Historia ya mazungumzo kati ya mnunuzi na kampuni ni tamu kama riwaya, ila inaweza kusubiri.

Waraka kuwepo EDGAR si uthibitisho kwamba ofa ni ya kweli. Mei 2015 iliwekwa humo ofa ya kuinunua kampuni ya vipodozi ya Avon kwa dola 18.75 kwa hisa, wakati sokoni hisa hiyo ilikuwa chini ya dola 7. Jina la mnunuzi, PTG, lilifanana mno na la kampuni kubwa ya uwekezaji ya TPG. Bei ya hisa ikaruka, kisha ikagundulika kuwa hakuna mnunuzi, na SEC ikafungua kesi ya udanganyifu. Kanuni 14e-8 inakataza kutangaza ofa usiyokusudia kuitoa au usiyo na uwezo wa kuilipia, lakini kanuni humfikia mhalifu baada ya tendo. Bei ikiwa nono kupita kiasi, angalia kama kampuni yenyewe imekiri kupokea ofa hiyo.

Hatua ya 3: Hesabu siku

Kanuni 14e-1 inataka ofa ibaki wazi angalau siku 20 za kazi. Siku ya kazi ni siku yoyote isipokuwa Jumamosi, Jumapili na sikukuu za serikali kuu ya Marekani, na siku ofa inapoanza nayo inahesabiwa.

Chukua kalenda. Ofa ikianza Jumatatu na hakuna sikukuu katikati, siku ya 20 ni Ijumaa ya wiki ya nne, na mlango unaweza kufungwa usiku wa Ijumaa hiyo. Ikipita sikukuu moja, mwisho unasogea hadi Jumatatu.

Sasa tuseme Jumatano ya wiki ya nne mnunuzi anaona hisa hazimtoshi, anapandisha bei. Hawezi kufunga Ijumaa. Akibadili bei au kiasi cha hisa anachotaka, lazima ofa ibaki wazi siku 10 za kazi tangu siku aliyotangaza mabadiliko. Hesabu: Jumatano, Alhamisi na Ijumaa ni siku tatu, wiki ya tano nzima inatufikisha nane, Jumatatu na Jumanne ya wiki ya sita zinatimiza kumi. Mwisho mpya hauwezi kuwa kabla ya Jumanne hiyo usiku. Na kama ulishatoa hisa zako, yaani uliziwasilisha kwenye ofa, kwa bei ya zamani, unalipwa bei mpya kama wenzako.

Mnunuzi akiongeza muda bila kubadili bei, anapaswa kutangaza kabla ya saa tatu asubuhi kwa saa za New York, siku ya kazi inayofuata baada ya ofa kuisha. Tangazo hilo hutaja takriban hisa ngapi zimeshatolewa. Lisome. Ni mojawapo ya nafasi chache za kujua wenzako wanafanya nini.

Hatua ya 4: Pima bei pamoja na masharti

Bei nzuri yenye masharti mabovu ni ahadi tu. Masharti ya kawaida ni haya: ofa haitakamilika mpaka idadi fulani ya hisa itolewe, mara nyingi zaidi ya nusu; vibali vya serikali vipatikane; pasitokee janga kubwa ndani ya kampuni. Kwenye vibali, sheria ya ushindani ya mwaka 1976 huwapa wakaguzi siku 15 za kuichunguza ofa ya fedha taslimu kabla ununuzi haujafanyika, ikilinganishwa na siku 30 kwa miamala mingine mingi, na wanaweza kuomba taarifa zaidi na kuurefusha muda huo.

Sharti la kuogopa zaidi ni la mkopo, yaani mnunuzi anasema atalipa akipata mkopo wa kutosha. Mimi nikiliona hilo, naihesabu ofa hiyo kuwa barua ya nia na si zaidi. Tofautisha na yule aliyeweka wazi kwamba fedha zipo mkononi, au benki zimeshatia saini.

Kanuni 14d-10 inakusaidia hapa kwa njia mbili. Ofa lazima iwe wazi kwa wanahisa wote wa aina hiyo ya hisa, na kila anayenunuliwa alipwe bei ya juu kabisa aliyolipwa mwenzake yeyote ndani ya ofa. Kanuni hiyo ilizaliwa mwaka 1986 baada ya kesi ya kampuni ya Unocal katika jimbo la Delaware ya mwaka 1985, ambapo kampuni ilinunua hisa zake yenyewe huku ikimfungia nje mwanahisa mmoja mkubwa, kampuni ya Mesa ya mfanyabiashara T. Boone Pickens, na mahakama ya jimbo ikairuhusu. SEC ikaufunga mwanya. Kanuni 14e-5 nayo inamzuia mnunuzi kununua hisa hizo pembeni, nje ya ofa, tangu anapoitangaza hadi inapoisha, isipokuwa kwa misamaha michache. Hawezi kumpa tajiri bei nono kwa siri, chini ya meza, huku wewe ukisubiri.

Hatua ya 5: Sikiliza bodi, ukijua inakaa wapi

Ndani ya siku 10 za kazi tangu ofa ianze, bodi ya kampuni yako inalazimika chini ya Kanuni 14e-2 kusema mojawapo ya haya: inapendekeza ukubali, inapendekeza ukatae, haina upande, au haiwezi kuamua. Na itoe sababu. Ndiyo maana kukubali siku ya pili ni papara isiyo na faida. Majibu ya bodi hayajatoka, na hakuna zawadi ya kuwahi.

Ukiusoma Schedule 14D-9, anzia sehemu inayoeleza wakurugenzi watapata nini. Mkurugenzi mkuu atakayelipwa mamilioni kampuni ikinunuliwa ana sababu ya kuipenda ofa. Atakayefukuzwa kazi ana sababu ya kuichukia. Hilo halifanyi maoni yao kuwa ya uongo, bali linakuambia uyaweke kwenye mizani gani.

Hatua ya 6: Chagua kati ya njia tatu

Unaweza kutoa hisa zako kwenye ofa, kuziuza sokoni, au kukaa nazo. Ofa inapotangazwa, bei ya soko kwa kawaida hupanda hadi karibu na ya ofa, ikibaki nyuma kidogo. Pengo hilo ndilo kipimo cha wasiwasi wa soko. Likiwa dogo sana, soko linaamini ofa itakamilika. Likiwa kubwa, kuna kitu wafanyabiashara wanakihofia. Bei ya soko ikiipita ya ofa, wanangoja mnunuzi mwingine aje na zaidi. Kuuza sokoni kunakupa pesa mapema na kunakuondolea hatari ya ofa kuvunjika.

Hesabu inabadilika pale mnunuzi anapotaka sehemu tu ya hisa. Hapo kuna mgawo wa uwiano, na Kanuni 14d-8 inauhusisha muda wote wa ofa, hivyo aliyetoa siku ya kwanza na aliyetoa saa ya mwisho wanagawiwa sawa. Tuseme mnunuzi anataka hisa milioni 4 kwa dola 30, na wanahisa wametoa milioni 8. Kila mmoja atanunuliwa nusu. Ukiwa na hisa 200, zinanunuliwa 100 na 100 zinarudi kwako. Ofa ikishaisha, msukumo wa bei unaondoka. Tuseme hisa inashuka hadi dola 23. Umepata dola 3,000 taslimu na hisa za dola 2,300, jumla 5,300, sawa na dola 26.50 kwa kila hisa. Kama wakati wa ofa ungeweza kuuza zote sokoni kwa dola 27, aliyeuza sokoni amekushinda. Kwenye ofa ya sehemu, bei iliyoandikwa kwa herufi kubwa si bei utakayopata.

Kampuni inaponunua hisa zake yenyewe inaruhusiwa kuwachukua wenye hisa chini ya 100 kwanza, bila mgawo, wakitoa zote walizo nazo. Tafuta sentensi hiyo kwenye nyaraka kama wewe ni mdogo. Kampuni nyingi pia hutumia mtindo wa mnada: zinataja bei ya chini na ya juu, wewe unasema utauza kwa bei gani, na kampuni inachagua bei ya chini kabisa inayoipatia hisa inazotaka. Wote waliochaguliwa wanalipwa bei hiyo moja, hata walioomba chini yake. Aliyeomba juu anarudishiwa hisa zake.

Je, kukaa tu? Kwenye ofa ya hisa zote ambayo mnunuzi amefikia lengo, kukaa mara nyingi hakukubakishi kuwa mwanahisa. Chini ya kifungu cha 251(h) cha sheria ya kampuni ya Delaware, kilichoanza mwaka 2013, mnunuzi aliyepata hisa za kutosha anaweza kukamilisha muungano bila kuitisha kura, kampuni yako ikitimiza masharti ya kifungu hicho, na waliobaki wakalipwa kiasi kilekile cha ofa. Anayeamini bei ni ya dhuluma anaweza kuiomba mahakama ikadirie thamani ya haki, lakini haki hiyo ni ya ambaye hisa zake hazikununuliwa kwenye ofa, ina tarehe zake kali, na mahakama inaweza kukadiria chini ya bei ya ofa. Usiiendee bila wakili.

Hatua ya 7: Toa hisa, na ujue namna ya kuziondoa

Hisa zako zikiwa kwa dalali, unampa maelekezo naye anazipeleka kwa wakala wa kupokea. Angalia tarehe ya *dalali*, si ya ofa. Madalali hujiwekea mwisho wao, mara nyingi siku moja au zaidi kabla, na aliyefika saa mbili usiku siku ya mwisho hukuta kitufe kimezimwa. Mwenye cheti cha hisa mkononi anajaza fomu ya kuwasilisha na kuipeleka pamoja na cheti kwa wakala aliyetajwa kwenye nyaraka.

Kutoa hisa si kuuza. Kanuni 14d-7 inakuruhusu kuziondoa wakati wowote ofa ikiwa bado wazi, bila kueleza sababu. Akija mnunuzi wa pili mwenye bei bora, unaziondoa kwa wa kwanza na kumpelekea wa pili. Hata ofa ikishapita muda wake, sheria inakuruhusu kuziondoa baada ya siku 60 tangu ofa ianze, kama bado hazijachukuliwa na kulipiwa. Tahadhari moja: mnunuzi anaweza kufungua kipindi cha nyongeza baada ya kuzinunua za awamu ya kwanza, na katika kipindi hicho hakuna kuondoa.

Usitoe hisa usizonazo ili upate mgawo mkubwa zaidi. Kanuni 14e-4 inakataza.

Kanuni nyingine ya kuogopa ni 14e-3. Ukipata habari nyeti kwamba kuna ofa inaandaliwa, na unajua au unapaswa kujua kwamba imetoka kwa mnunuzi, kwa kampuni lengwa au kwa watu wanaowafanyia kazi, marufuku kununua wala kuuza kabla haijatangazwa, hata kama aliyekunong'oneza ni ndugu yako. James O'Hagan, wakili wa Minneapolis, alinunua hisa na haki za kununua hisa za kampuni ya Pillsbury akijua kwamba mteja wa ofisi yake, Grand Met, anajiandaa kuinunua. Alivuna zaidi ya dola milioni 4.3, na mwaka 1997 Mahakama ya Juu ya Marekani ikaiunga mkono kanuni hiyo katika kesi yake.

Hatua ya 8: Fuatilia malipo na kodi

Baada ya ofa kufungwa, mnunuzi anatakiwa kulipa, au kurudisha hisa asizozichukua, bila kuchelewa. Angalia akaunti yako: hisa zilizorudi ziwe zimerudi kamili, na sehemu ya hisa iliyokatika kwa sababu ya mgawo ishughulikiwe kama nyaraka zilivyosema.

Kama si mkazi wa Marekani kikodi, dalali anahitaji fomu ya W-8BEN iliyo hai, inayothibitisha kwamba wewe ni mgeni kikodi. Ikikosekana, malipo yako yanaweza kukatwa asilimia 24 papo hapo. Kampuni inaponunua hisa zake yenyewe hali ni ngumu zaidi, kwa sababu malipo yanaweza kuchukuliwa kama gawio, na mawakala wengi huwakata wageni asilimia 30 kwanza, isipokuwa mkataba wa kodi na nchi yako uwe unapunguza. Kwa mgeni anayekatwa hivyo, mara nyingine ni nafuu kuuza sokoni kuliko kuingia kwenye ofa, hata kama bei ya ofa iko juu. Piga hesabu hiyo kabla ya siku ya mwisho, kwa sababu makato yakishafanyika, pesa zinadaiwa kwa mamlaka ya kodi ya Marekani, si kwa mnunuzi wala kwa dalali.